Éric Rohmer na Methali Iliyotangulia Kisa

Mwaka 1984 Éric Rohmer alitoa filamu iitwayo "Les Nuits de la pleine lune", ambayo kwa Kiswahili ningeiita "Usiku wa Mwezi Mpevu". Kisa kinatanguliwa na methali. Maana yake ni kwamba mwenye wake wawili hupoteza roho, na mwenye nyumba mbili hupoteza akili. Hutajwa kuwa ni msemo wa watu wa Champagne, mashariki mwa Ufaransa, ingawa wachambuzi wa kazi zake wanaeleza kuwa Rohmer aliitunga mwenyewe akaivika nguo za kale. Kwa mtu aliyelelewa na methali, hila hiyo inafurahisha kabla haijakera. Sisi nasi tunajua kwamba ukitaka neno lako lisikilizwe barazani, huna budi kusema ni la wahenga.

Mswahili hahitaji kufafanuliwa methali hiyo. Njia mbili zilimshinda fisi: alinusa nyama kwenye njia panda, akataka kuzifuata zote mbili kwa pamoja, akapasuka msamba. Louise, msichana wa filamu hii, anaishi na Rémi katika mji mpya wa Marne-la-Vallée, nje ya Paris, lakini anajiwekea chumba chake mjini ili baadhi ya siku alale peke yake. Katika ngano yetu fisi ana tamaa tu, hatuelezwi zaidi. Louise hana tamaa ya namna hiyo. Anasema hajawahi kuonja upweke maishani mwake, na anataka kuujua. Kwa muda wa saa moja na nusu tunamsikiliza akijieleza kwa Rémi, kwa rafiki yake Octave, kwa mtu asiyemjua mkahawani, na kila maelezo yana akili ndani yake. Anaporudi alfajiri kwa Rémi, hatimaye akiwa na hakika anataka nyumba moja tu, anakuta Rémi amempenda mwingine. Methali imetimia. Hata hivyo, inapotimia haisikiki kama hekima. Inasikika kama mtu aliyekaa nje muda wote, hakusikia neno hata moja, kisha akaingia mwishoni kutoa hukumu.

Mwigizaji wa Louise, Pascale Ogier, alipewa tuzo ya mwigizaji bora wa kike huko Venice mwezi wa Septemba mwaka huohuo. Mwezi uliofuata alifariki, siku moja kabla ya kutimiza miaka 26. Sijui kuitazama filamu hii bila kulikumbuka hilo, ijapokuwa Rohmer asingependa tulitumie kuongeza majonzi.

Jina Éric Rohmer nalo ni vazi. Mtu mwenyewe alizaliwa Tulle mwaka 1920, akaitwa Maurice Schérer, akasomesha fasihi katika shule za sekondari. Mwaka 1946 alichapisha riwaya, "Élisabeth", kwa jina jingine tena, Gilbert Cordier. Alipoingia katika uhakiki na utengenezaji wa filamu akajiita Rohmer, na inasimuliwa kuwa mama yake alifariki akiamini mwanawe ni mwalimu tu. Kuanzia 1957 hadi 1963 alikuwa mhariri wa jarida la "Cahiers du cinéma", lililowalea akina Truffaut, Godard, Chabrol na Rivette. Wenziwe hao, wengi wao wadogo kwake kwa miaka kumi na zaidi, walipata sifa mapema. Yeye alichelewa. Filamu yake ndefu ya kwanza, "Le Signe du lion", ilipigwa mwaka 1959, ikaonyeshwa mwaka 1962, wala haikupata watazamaji. Alikuwa anakaribia miaka 50 ndipo dunia ilipomjua, kwa "Ma nuit chez Maud" ya mwaka 1969.

Kilichomwokoa, kwa maoni yangu, ni jambo ambalo mshairi wetu yeyote wa mapokeo angelielewa mara moja: alijifunga. Mshairi huchagua bahari, akahesabu mizani, akapanga vina, kisha ndani ya ukuta huo akatafuta uhuru wake. Rohmer aliamua kutengeneza filamu sita zenye kisa kimoja. Mwanamume ana mwanamke aliyemchagua, au anayedhani amemchagua, anakutana na mwingine, anavutwa, kisha anarudi kwa yule wa kwanza. Akaziita "Hadithi Sita za Maadili". Ya kwanza, "La Boulangère de Monceau" ya mwaka 1963, ni filamu fupi isiyofika nusu saa, iliyopigwa kwa kamera ndogo mitaani Paris, na kijana mkuu ndani yake ni Barbet Schroeder, ambaye mwaka uliotangulia alikuwa ameanzisha naye kampuni ya Les Films du Losange. Ya sita, "L'Amour l'après-midi", ilitoka mwaka 1972. Visa vyote sita alikuwa ameviandika kwanza kama hadithi za kusomwa. Baadaye akaunda fungu la pili, "Vichekesho na Methali", filamu sita kati ya 1981 na 1987, kila moja ikiwa na methali au kauli ya kale mlangoni. La tatu likawa la majira manne ya mwaka, kati ya 1990 na 1998. Mzee huyu alitunga diwani, hakutengeneza filamu mojamoja.

Wasiompenda husema kuwa watu wake wanazungumza tu. Ni kweli, wanazungumza. Muziki wa kumwelekeza mtazamaji wapi alie ni haba mno, kamera haikimbii, na jambo kubwa katika "Le Genou de Claire" ni iwapo mwanamume anayekaribia kuoa ataligusa goti la msichana kando ya ziwa Annecy. Lakini wenye lugha yenye malumbano, majibizano na mafumbo ndio watu wa mwisho wanaopaswa kudhani kuwa kuzungumza si kutenda.

Chukua hiyo "Maud". Mhandisi mmoja Mkatoliki, katika mji wa Clermont-Ferrand, amemwona msichana kanisani na bila kusema naye ameamua moyoni kuwa ndiye atakayekuwa mkewe. Rafiki yake wa zamani, mwalimu wa falsafa mwenye itikadi ya Marx, anampeleka kwa Maud, daktari aliyeachana na mumewe. Theluji inaanguka, mhandisi hawezi kurudi kwake, na wanakesha wakizungumza juu ya Pascal, mwanafalsafa aliyezaliwa katika mji huohuo, na dau lake juu ya kuwapo kwa Mungu. Mhandisi anampinga Pascal kwa ukali wake, ilhali yeye mwenyewe ameweka dau la maisha yake yote juu ya msichana asiyemjua jina. Hajitambui, na Maud anamtambua. Hakuna anayemwambia. Usiku unapita, pengine kwa kukaribiana kidogo na kurudi nyuma, na asubuhi inakuja.

Miaka mitano baadaye mhandisi yuko ufukweni na mkewe, yuleyule msichana wa kanisani, na mtoto wao. Wanakutana na Maud njiani. Mhandisi anataka kumweleza mkewe kuwa usiku ule hakukutokea kitu. Anamtazama, anauona wasiwasi wake, na kwa ghafla anang'amua kuwa wasiwasi huo si juu yake bali juu ya siri ya mkewe mwenyewe: mwanamume aliyekuwa naye zamani alikuwa mume wa Maud. Basi anabadilisha sentensi ikiwa mdomoni. Anasema Maud alikuwa mwanamke wake wa mwisho kabla ya ndoa, ili mkewe asijione mwenye deni peke yake. Mtu aliyehubiri ukweli filamu nzima anaokoa nyumba yake kwa uongo mdogo, na mkewe anapumua. Sijaona mahali pengine ambapo tendo kubwa kiasi hicho limefanywa kwa kubadili kauli moja tu.

Nilipoiona mara ya kwanza niliifikiria ngonjera, ile aliyoieneza Mathias Mnyampala. Katika ngonjera wawili hupingana, mmoja amekosa nuru na mwingine anayo, na mwishoni asiyeijua njia huonyeshwa akakubali. Ni utanzu mzuri wa kufundishia, na Mnyampala alikuwa fundi wa kweli. Lakini una sharti moja: mshairi ajue jibu kabla ya ubeti wa kwanza. Katika majibizano ya Rohmer kila upande una hoja, na aliyeshinda kwa maneno aghalabu ndiye asiyejua kinachomsumbua.

Hapo ndipo methali zake zinaponigusa. Wengi wetu tuliosoma Kiswahili shuleni tuliandika insha ya methali: tunga kisa kitakachothibitisha kuwa asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Guu lilikuwa limekwisha kuvunjika kabla hatujaishika kalamu. Kazi yetu ilikuwa kumtafuta mtoto wa kuvunjika. Hatukuulizwa mkuu alisema nini hasa, wala kama alistahili kusikilizwa, ingawa kila mwenye lugha hii anajua kuwa methali zetu hupingana kama majirani: haraka haraka haina baraka, na chelewa chelewa utakuta mwana si wako. Zimewekwa pamoja kwa sababu wahenga walikuwa wakijadiliana. Sisi tumewageuza kuwa mahakimu.

Nina dada yangu, mkubwa kwangu kwa miaka sita, mwalimu wa hesabu mjini Tanga. Alipokuwa na miaka 33 alimkataa mchumba wa pili aliyeletwa nyumbani, mtu mwema, mwenye kazi yake, asiye na kasoro ya kutajika. Wazee wakaitana. Dada aliulizwa sababu, akaanza kueleza kwa utaratibu wake wa kimwalimu, na alikuwa bado katika sababu ya kwanza shangazi alipotikisa kichwa akasema, "Mchagua nazi hupata koroma." Watu wakacheka kidogo, kwa upendo, na kikao kikaisha. Sababu ya pili na ya tatu hazikusemwa. Miaka mingi baadaye nilimwuliza zilikuwa zipi, akaniambia amezisahau, na sikumwamini.

Huyu ndiye niliyekaa naye sebuleni kwake tukitazama "Le Rayon vert", yaani "Mwali wa Kijani", ya mwaka 1986. Yeye hajui Kifaransa, mimi ninakijua kiasi, na nakala niliyokuwa nayo haikuwa na tafsiri, hivyo nilimfasiria kila neno kwa mdomo. Delphine ni karani mjini Paris. Rafiki aliyepanga kusafiri naye Ugiriki anamwacha majuma mawili kabla ya safari, na majira ya joto yameingia. Neno la kwanza lililonishinda ni "vacances". Kamusi inasema likizo. Lakini likizo yetu ni ruhusa ya kutokwenda kazini. Ile ya Wafaransa, ambao tangu 1982 sheria inawapa majuma matano yenye malipo, ni karibu na wajibu wa kuonekana mwenye furaha pahali fulani. Delphine anakwenda Cherbourg, anarudi, anakwenda milimani, anarudi siku ileile, anakwenda Biarritz. Kila anakokwenda analia. Nikamweleza dada, naye akasema, "Kama sikukuu, ukiwa huna kwenu." Sijapata tafsiri bora zaidi.

Maneno ya filamu hii hayakuandikwa yote mezani kama ilivyo desturi ya Rohmer. Marie Rivière, aliyemwigiza Delphine, na wenziwe waliyatunga mengi wakiwa mbele ya kamera, na kikundi cha wapigapicha kilikuwa kidogo kiasi cha kupotea kati ya watalii. Kwa hiyo maongezi yanajikwaa na kurudi nyuma kama maongezi ya watu. Kuna mlo mmoja huko Cherbourg ambapo Delphine anasema hali nyama. Wenyeji wake ni wakarimu. Wanamwuliza kwa nini, anaeleza. Wanauliza tena, anaeleza tena, safari hii vibaya zaidi. Hakuna aliyemtukana. Nilikuwa nikifasiri kwa kasi na dada akaniambia ninyamaze. "Hapa nimeelewa," alisema. Tukaendelea kutazama bila tafsiri mpaka meza ikaondolewa.

Rafiki zake Delphine wanamwambia, kila mmoja kwa namna yake, kuwa anachagua mno. Nani anayemwambia kuwa subira huvuta heri? Hakuna, na filamu haimpi mtu wa kumtetea. Huko Biarritz anawasikia wazee wamekaa wakizungumza juu ya riwaya ya Jules Verne yenye jina hilohilo, ya mwaka 1882, na juu ya mwali wa kijani unaoonekana jua linapomalizika kuzama baharini: katika riwaya husemwa kuwa anayeuona huweza kusoma moyo wake na wa mwenziwe. Mzee mmoja anaeleza sayansi yake. Hewa hupinda nuru ya jua linapokaribia upeo, na rangi ya kijani hupindwa zaidi kidogo kuliko nyekundu, hivyo ukingo wa mwisho wa jua unaweza kuonekana wa kijani kwa sekunde moja au mbili, ikiwa upeo ni safi. Dada yangu, mtu wa hesabu, alinitaka nirudie hapo mara mbili. Kisha akakumbuka kuwa kwetu Tanga jua huzama nyuma ya milima na kuchomoza baharini. Mwali huo huweza kuonekana macheo pia. "Basi sisi itatubidi tuamke mapema," alisema.

Mwisho wake Delphine anakutana na kijana kwenye kituo cha reli, wanakwenda pamoja Saint-Jean-de-Luz, wanakaa juu ya mwamba kulitazama jua. Mwali unatoka. Filamu ikapewa Simba wa Dhahabu huko Venice. Wako wanaouona mwisho huo kuwa zawadi ya bure kwa mtu aliyejiliza saa nzima. Mimi ninaona kuwa Rohmer aliyaacha maneno yote yashindwe kwanza, hata yake mwenyewe, ndipo akaleta kitu kisichoweza kusemwa. Ila lazima niseme pia kuwa dunia yake ni finyu. Watu wake wana majuma yao matano, vitabu vyao, nyumba za kuazimwa kando ya bahari. Ufaransa ya wafagiaji na wahamiaji haipiti mbele ya kamera yake ila kwa bahati. Alikufa Januari 2010, na miaka mitatu tu kabla ya hapo alikuwa ametoa filamu ya wachungaji wa kale wakipendana mashambani, nguo nyeupe na filimbi. Siwezi kusema aliijua nchi yake yote. Alikijua chumba kimoja chake, kona kwa kona.

Sasa ninaandaa tafsiri ya maandishi, ya kuonekana chini ya picha, kwa ajili ya dada na wenziwe wachache wanaokutana Jumamosi. Wamechagua wenyewe "Conte d'hiver" ya mwaka 1992. Félicie amependana na Charles wakati wa likizo ya kiangazi; wanaagana, naye anampa anwani. Badala ya kusema Levallois anasema Courbevoie. Ni vitongoji viwili vinavyotazamana, mto Seine ukipita kati. Kwa neno hilo moja anampoteza. Miaka mitano inapita, binti yao anakua, wanaume wawili wema wanamtaka Félicie, mmoja msusi na mwingine mkutubi, na yeye anakataa kumpa yeyote moyo wote kwa sababu ya mtu asiyejua yuko wapi. Watu wanamwambia yale yale aliyoambiwa dada yangu.

Nimekwama katika neno moja. Félicie anapoeleza kosa lake hutumia neno la Kifaransa la wataalamu wa nafsi, la ulimi kusema kisichokusudiwa. "Kuteleza ulimi" ni karibu, lakini kunampa mtelezaji uzembe. "Ulimi hauna mfupa" kunamfanya mmbeya. Methali ipo inayolingana kabisa, heri kujikwaa dole kuliko kujikwaa ulimi, na niliiweka katika muswada wa kwanza, nikafurahi jinsi ilivyokaa. Dada akaisoma, akachukua kalamu nyekundu ya kusahihishia madaftari, akaikata. Alisema Félicie bado hajamaliza kueleza. Pembeni akaandika tu: "Nilikusudia Levallois, nikasema Courbevoie." Imezidi kwa herufi nyingi nafasi iliyopo chini ya picha, na mpaka leo sijapata namna ya kuifupisha. Msomaji mwenye neno moja linalotosha, naliomba.